Chai, mbaazi na kaunta ya yadi: mkahawa wa milango ya kijani, Tanga mjini

Tangu Ramadhani iishe nimekunywa chai hapa mara tisa. Mara ya kwanza nilifuata mbaazi. Nane zilizofuata nilifuata mbaazi na nyumba yenyewe, na ukiniuliza leo kipi kinanitoa kitandani alfajiri, nyumba inashinda.

Mkahawa hauna bango. Ukitoka Ngamiani ukavuka reli, unaingia mji wa maduka, ule unaoshukia bandarini. Muulize kijana yeyote wa bodaboda au muuza madafu, mwambie unataka pale kwenye milango ya kijani penye mbaazi. Atakufikisha. Ni jengo la ghorofa moja, veranda yake ya nguzo imefunika njia ya waendao kwa miguu, na juu kabisa kwenye paji pana duara la saruji lililoandikwa mwaka wa kujengwa. Tarakimu mbili za mwanzo zinasomeka: 19. Mbili za mwisho zimemezwa na rangi, mkono juu ya mkono.

Nianze na chakula, maana ndicho utakacholipia. Mahamri huanza kutoka saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Iliki yake imetwangwa siku hiyohiyo, na ukilichana moja, ndani ni pango tupu, hewa ya moto inakupiga vidoleni. Mbaazi zimepikwa kwa tui zito, zimelegea lakini hazikuvurugika. Wanakuletea na kipande cha ndimu na pilipili mbuzi ya kuponda. Chai ya maziwa inachemka na tangawizi mbichi mpaka inakuwa na rangi ya udongo wa Lushoto, na sukari wanakuachia mwenyewe, jambo ambalo kwa mtu wa umri wangu ni heshima kubwa. Mahamri manne, bakuli la mbaazi na kikombe kikubwa cha chai nililipa shilingi 3,500. Bei ya haki.

Usichelewe, lakini. Ikipita saa nne mahamri yameshapoa, na kijana wa jikoni huyarudisha kwenye karai ili yapate moto, nayo yakirudishwa hunywa mafuta. Kachori sikuipenda: viazi vingi, ndimu haba, na watu wa Tanga kwenye kachori hatudanganyiki. Wali wa mchana ni wa kawaida. Televisheni imetundikwa juu ya kaunta na sauti yake ni kubwa tangu taarifa ya habari ya asubuhi. Niliomba ipunguzwe, ikapunguzwa, mteja wa meza ya pili akaomba irudishwe. Ndugu wahudumu, mtu anayekuja kunywa chai saa moja asubuhi anataka kusikia baiskeli zikipita.

Sasa nyumba.

Mimi ni seremala, miaka zaidi ya arobaini, na macho yangu huenda kwenye mbao kabla ya kwenda kwenye sahani. Mbele pana milango mitatu, kila mmoja una pande nne zinazokunjana juu ya bawaba za shaba, jumla kumi na mbili. Ikifunguliwa yote, ukuta wa mbele haupo tena. Baraza, njia na duka vinakuwa kitu kimoja. Pale rangi ya kijani ilipobanduka, paruza kidogo kwa kucha kisha unuse. Harufu ya mafuta, inakaribiana na ngozi ya kiatu kipya. Huo ni msaji, yaani mtiki. Mchwa wa mji huu, ambao wameshanilia makabati mawili ya mkongo yaliyokuwa yakingoja wenyewe, hawajaugusa.

Babu mmoja anayekaa baraza ya kushoto kila asubuhi na kahawa yake chungu aliniambia, "Hili la Mjerumani hili." Nilimwitikia kwa adabu, lakini sikukubali. Hapa kwetu kila ukuta mnene huitwa wa Mjerumani. Majengo ya Wajerumani ya kweli tunayo: boma la zamani ambalo leo ni makumbusho ya Urithi, na lile jengo la Cliff Block pale hospitali ya Bombo linalotazama bahari. Hili lilikuwa duka la Mhindi, la baadaye, na ushahidi uko kwenye kitasa cha mlango wa kati. Ni kitasa cha shaba, kimechakaa pembeni kwa kushikwa, na kwenye ulimi wake pameandikwa Birmingham. Mtu anaweza kusema kitasa kilibadilishwa. Nilipiga magoti nikaangalia: tundu lililochongwa kwenye ubao ni moja tu, halikuzibwa wala halikupanuliwa, na patasi iliyolichonga ndiyo iliyochonga matundu ya bawaba, maana pengo dogo kwenye makali yake limeacha mstari uleule kila mahali. Kitasa na mlango vilizaliwa pamoja. Waingereza waliingia Tanga Julai 1916. Kabla ya hapo sioni fundi wa mji huu akifunga duka la Mhindi kwa kitasa cha Birmingham.

Kitu kilichoniteka zaidi ni kaunta. Ni ileile ya duka la zamani, ubao mmoja mpana, urefu wake futi kumi na moja, umeinama katikati kidogo kama mgongo wa punda. Leo imebeba kabati la kioo la maandazi na friji ndogo ya soda. Mara ya tatu nilipokuja, nikingoja chenji, kidole changu kiliteleza kwenye ukingo wa upande wa muuzaji kikagonga kitu baridi. Msumari wa shaba, kichwa chake kimelala sawasawa na ubao. Nikapapasa mbele, mwingine. Na mwingine. Vilikuwa vichwa vitatu, viking'aa kwa kusuguliwa na nguo za miaka mingi, ilhali ubao uliovizunguka ni mweusi wa moshi na samli.

Nikatoa tepu mfukoni. Wa kwanza mpaka wa tatu, sentimita 91 na kidogo. Yadi. Ule wa kati umekaa nusu barabara.

Nilimwita babu wa barazani aje aone. Alikuja polepole na kikombe chake mkononi, akaweka kiwiko chake kwenye msumari wa kwanza, akanyoosha mkono. Ncha ya kidole cha kati ikagusa msumari wa pili.

"Mkono," akasema. "Mikono miwili yadi, mikono minne pima. Mhindi alikuwa akipima hapa vitambaa: kaniki, marekani, bafta. Mteja anasimama pale, anatazama kidole cha muuzaji kisiibe."

Nimetengeneza kaunta nyingi maishani. Sijawahi kutengeneza moja inayompa mteja namna ya kumhakiki muuzaji. Fundi aliyepigilia ile misumari alijua kwamba wateja wengi wa duka lile hawasomi namba kwenye rula, lakini kila mmoja amekuja na mkono wake.

Na wateja hao walikuwa akina nani? Hapo ndipo historia ya jengo inapokuwa historia ya mkoa mzima. Reli ilianza kujengwa kutoka hapa Tanga mwaka 1893, ikafika Muheza 1896, Korogwe 1902, Mombo 1905 na Moshi 1911. Mwaka huohuo wa 1893 mkonge ulikanyaga nchi: Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, iliyofika hai ikawa 62 tu, ikapandwa Kikogwe karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo mashamba yalifuata njia ya reli, na kila shamba likahitaji mikono. Mwaka 1964 nchi ilizalisha tani zipatazo 230,000 za mkonge, hakuna nchi duniani iliyotupita. Watu waliokata majani yale waliitwa manamba, wengi wakitoka mbali, Njombe, Songea, Kigoma, hata nje ya mipaka, na malipo yao yalikwenda kwa kipande: kadi ya siku 30 za kazi, ukiijaza ndiyo mshahara.

Baba yake babu huyu alikuwa manamba, Mbena wa Njombe. Alijaza vipande, akapanda treni, akaja mjini, na duka alilofikia ni hili. Alinunua kaniki mbili za mama yake na taa ya chemli. Nguo zilipimwa kwenye misumari hii. Babu alipokuwa akisimulia, kiganja chake kilikuwa bado juu ya kaunta, na yule kijana wa chenji alisahau kabisa kunirudishia.

Ndiyo maana nasema jengo hili ni la biashara mpaka kwenye mifupa. Duka chini, familia juu, bidhaa nyuma. Mlango wa uani ni mpana kupitisha mkokoteni wenye robota. Ngazi ya kwenda juu imewekwa ndani, pembeni ya kaunta, ili mwenye duka akisikia kishindo usiku ashuke moja kwa moja kwenye mali yake. Dari iko futi kumi na nne, nimepima. Juu ya kila mlango pana tundu la nusu duara lenye fito za mbao, joto linapanda linatokea huko. Kaa meza ya nyuma saa saba mchana, wakati wa kusi, utazame kikombe chako: mvuke haupandi wima, unalalia upande wa uani. Upepo unavuka nyumba nzima bila umeme hata wa shilingi mia.

Mwenye duka aliishi hapa mpaka miaka ya sabini. Aprili 1971 Bunge lilipitisha sheria ya kutwaa majumba, yale ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, yakawa chini ya Msajili wa Majumba. Babu anasema familia ilibaki kama wapangaji kwa muda, kisha wakaondoka mmoja mmoja, wa mwisho akiwa bibi mzee aliyekuwa akiwarushia watoto peremende kutoka dirisha la juu. Kuondoka kwake hakuna aliyekuona.

Baada yao likaja duka la ushirika, na hapo naingia mimi.

Nilikuwa na miaka kumi na tatu nilipotumwa hapa kupanga foleni ya sukari. Sukari ilikuwa haba nchi nzima, na sabuni, na nguo. Tulipanga mawe na makopo usiku, kila nyumba na jiwe lake, kisha alfajiri mtu unakuja kusimama penye jiwe lako. Langu lilikuwa kipande cha tofali chenye rangi nyekundu upande mmoja. Mama alinisisitiza nisiliachie hata nikishikwa na haja. Nilisimama chini ya veranda hii, mgongo kwenye nguzo ya pili, tangu giza mpaka saa tano, na nilirudi na kilo moja. Kwa hiyo ninaposifu veranda ya jengo hili, nasifu kitu kilichonizuia mvua ya masika siku ile.

Mwaka 1983 nikawa mwanafunzi wa useremala kwa mzee mmoja wa Kidigo, Mungu amrehemu. Siku moja vitenge viliingia dukani, umati ukasukuma, na upande mmoja wa mlango wa tatu ukang'oka na kupasuka. Tuliitwa sisi. Msaji haukupatikana. Mwalimu wangu alipata ubao wa mvule, mbichi bado, na muda wa kungoja ukauke haukuwapo, duka lilipaswa kufungwa usiku uleule. Mimi nilishika ubao, yeye akapiga randa, chini ya mwanga wa karabai. Alilaumu ubao ule tangu mwanzo hadi mwisho wa kazi. "Utajikunja huu," alisema, "tutarudi mwakani tuubadilishe." Hatukurudi.

Nilipokuja kufuata mbaazi, baada ya miaka yote hiyo, sikukumbuka. Nilikuwa nakunja pande za mlango nipate nafasi ya baiskeli yangu, nikaona mstari wa mwanga kati ya upande wa pili na wa tatu, mwanya wa kupitisha sarafu ya shilingi mia. Nikageuza upande ule. Kwa ndani, chini, alama za randa ya mwalimu wangu, zile zinazopinda kidogo kushoto kwa sababu alikuwa mkono wa kushoto. Nilikaa chini kwenye kizingiti. Yule dada mwenye mkahawa alitoka akafikiri nimeugua.

"Shikamoo fundi. Kuna mchwa?"

"Marahaba dada. Hakuna. Kuna mwalimu wangu."

Nikamweleza. Alisikiliza vizuri, mikono yake bado ina unga.

Huyu dada ndiye aliyelifufua jengo. Kabla yake palikuwa ghala la mitumba kwa miaka, robota mpaka darini, milango imefungwa, mwanga haupiti. Yeye alikodi, akafagia, akaosha kuta, akaweka meza kumi na mbili, na kwa akili nzuri kabisa hakuitoa kaunta. Sifa hizo ni zake. Kosa lake ni ukuta wa kushoto, penye sinki la kunawia mikono. Pale chini, kimo cha kiuno, alimwita mwashi akapiga lipu ya saruji juu ya ukuta wa matumbawe na chokaa. Ukuta wa namna hiyo hupumua: unyevu unaingia na kutoka kupitia chokaa. Ukiufunika kwa saruji, maji yanabaki ndani na chumvi inasukuma. Sasa lipu imevimba kama mkate, ukiigonga inalia tupu, na unga mweupe unamwagika sakafuni nyuma ya sinki. Ibanduliwe, ukuta uachwe ukauke kiangazi kizima, kisha ipigwe lipu ya chokaa na mchanga. Nimemwambia yeye, nawaambia na ninyi wenye nyumba za namna hii mjini, maana nimeona saruji hiyo kwenye nyumba nyingi mno.

La milango ndilo lililonitia homa. Ziara ya sita alinionyesha karatasi ya makadirio: kung'oa milango mitatu yote, kuweka alumini na vioo, kuziba matundu ya juu, kufunga kiyoyozi. Wateja wa maofisini wanataka ubaridi, alisema. Namwelewa, biashara ni yake na kodi analipa yeye. Lakini nilimwomba anipe saa moja. Nikaenda naye uani, nikamwonyesha shata mbili zilizopigiwa misumari tangu enzi za mitumba. Tukazing'oa misumari, nikazifungua. Tukarudi ndani tukakaa meza ya nyuma, kimya. Baada ya muda akashika ukaya wake uliokuwa unapeperuka, akatazama uani, akatazama milango.

"Kumbe ndiyo maana jikoni kulikuwa kama tanuru."

"Ndiyo. Nyumba ilikuwa imezibwa pua."

Akaniuliza bei ya kurekebisha milango. Nilimpa bei ya mbao na bawaba, ufundi nikamwambia ule upande mmoja wa mlango wa tatu ni deni langu, halipii. Naliandika wazi hapa ili msomaji ajue kwamba ninayesifu nyumba hii nina kazi ndani yake. Hakusema ndiyo siku ile. Alisema ataongea na mumewe.

Nyota nne kati ya tano. Ya tano naizuia kwa ajili ya kachori, televisheni na ule ukuta. Kama unakwenda mara ya kwanza, fika kabla ya saa mbili, kaa meza iliyo karibu na kaunta, na ukilipa pitisha kidole ukingoni upande wa ndani; omba ruhusa tu, dada hakatai. Msalimie babu wa baraza ya kushoto. Usimbishie kuhusu Mjerumani, kahawa yake itapoa.

Juzi dada alinitumia ujumbe: tuanze na mlango wa tatu, karatasi ya alumini ameiweka kando. Ubao ninao tayari, msaji wa Longuza kule Muheza, futi saba, umekauka miaka mitatu juu ya dari ya karakana yangu. Ukija wiki ijayo ukakuta mlango umevuliwa upande mmoja na mtu amepiga magoti pale na randa, pita tu ndani. Mbaazi zinaendelea kama kawaida.